Hispania, Poland, Austria au Bavaria: uanze na vita vipi vya kurithi kiti?

Katika karne ya 18 Ulaya ilipigana vita vinne vinavyobeba neno "urithi" katika jina lake: vya Hispania (1701–1714), vya Poland (1733–1738), vya Austria (1740–1748) na vya Bavaria (1778–1779). Mwalimu anayetafuta mfano mmoja wa kufundishia hukwama hapa, na hata mwanafunzi mwenye insha, mtangazaji mwenye nusu saa hewani, au msomaji anayependa tu historia. Majina ya wafalme yanafanana, koo ni zilezile, na mikataba ni mingi kuliko mapigano. Haiwezekani kuvisoma vyote kwa pamoja na kuvielewa, kwa hiyo ni lazima kuchagua.

Tumevilinganisha kwa mambo manne: hoja ya mirathi, mahali vita vilipopiganwa, mgawo wa mwisho, na mitego inayomnasa anayeanza. Baada ya hapo tunaeleza nani achukue vipi. Kati ya hayo manne, la kwanza tunalipa uzito kuliko mengine yote. Swali la kumuuliza kila mdai ni moja: alishika karatasi gani mkononi? Hispania waligombania wosia. Poland waligombania kura. Austria waligombania ahadi. Bavaria waligombania mapatano ya haraka, yaliyotiwa saini siku chache tu baada ya mtawala kufa.

Hoja ya mirathi

Hispania. Carlos II alikufa Madrid tarehe 1 Novemba 1700 bila mtoto. Kabla ya kusoma kitu kingine chochote, chukua karatasi uchore vizazi viwili. Juu mwandike Felipe III, babu yake. Binti mkubwa wa Felipe III, Ana, aliolewa na mfalme wa Ufaransa akamzaa Louis XIV. Mdogo wake, Maria Ana, aliolewa Vienna, mji mkuu wa Austria, akamzaa Leopold I, Kaizari wa milki ya Kijerumani. Chini yake mwandike Felipe IV, baba wa Carlos. Mambo yakajirudia vilevile: binti mkubwa, Maria Teresa, akaolewa na Louis XIV, na mdogo, Margarita Teresa, akaolewa na Leopold I. Vizazi viwili mfululizo, mkubwa alikwenda Ufaransa na mdogo akaenda Vienna.

Kwa umri, basi, Ufaransa ilitangulia. Lakini mabinti wakubwa wote wawili walikuwa wamejivua haki ya kurithi Hispania kwa maandishi. Wanasheria wa Louis walikuwa na jibu: Maria Teresa alijivua haki mwaka 1659 kwa makubaliano kwamba Hispania ingelipa escudo 500,000 za dhahabu, na fedha hizo hazikulipwa. Msomaji wa Kiswahili asichanganye fedha hizo na mahari ya kwetu. Zilitoka upande wa bibi harusi kwenda upande wa mume, kwa hiyo deni lilikuwa la Hispania.

Kisha ukaja wosia. Mwezi mmoja kabla ya kufa, Carlos alimwachia kila kitu Philippe wa Anjou, mjukuu wa Louis XIV, kwa sharti kwamba milki isigawanywe na kiti cha Hispania kisiungane na cha Ufaransa. Familia ya Philippe ikikataa, urithi wote ungekwenda kwa Karl, mwana wa pili wa Leopold. Louis alibanwa. Mwaka huohuo wa 1700 alikuwa ametia saini na Uingereza na Uholanzi mkataba wa kugawana milki hiyo. Akiushika mkataba, urithi wote unakwenda Vienna. Akiushika wosia, anavunja mkataba. Tarehe 16 Novemba alimtangaza mjukuu wake kuwa Felipe V.

Wosia peke yake haukuleta vita vikubwa. London na The Hague mwanzoni zilimtambua Felipe. Hatua alizochukua Louis baadaye ndizo zilizoharibu: alimhifadhia Felipe nafasi yake katika mstari wa kurithi Ufaransa, akaingiza askari katika ngome za mpakani ambazo Waholanzi walizitegemea, akaipatia kampuni ya Kifaransa biashara ya kupeleka watumwa Amerika ya Kihispania, na Septemba 1701 akamtambua mwana wa James II aliyekuwa amefukuzwa kuwa mfalme halali wa Uingereza. Mwezi huohuo Uingereza, Uholanzi na Kaizari walikuwa wameshatia saini muungano wao.

Poland. Hapa kiti hakikurithiwa, kilipigiwa kura na mabwana wa nchi. August II, aliyekuwa pia mtawala wa Saxony, alikufa Warsaw tarehe 1 Februari 1733. Mnamo 12 Septemba wapiga kura waliokusanyika uwanja wa Wola walimchagua Stanisław Leszczyński, Mpoland, baba mkwe wa Louis XV. Urusi haikukubali. Jeshi lake lilipokaribia Warsaw, Stanisław akakimbilia Danzig, na tarehe 5 Oktoba kundi dogo lilikutana ng'ambo ya mto Vistula likamchagua August III, mwana wa marehemu. Hoja ni nyepesi kueleweka: kura mbili, moja ya wengi na nyingine chini ya ulinzi wa bunduki za kigeni.

Austria. Hii ndiyo hoja yenye kina zaidi, na inataka subira. Kaizari Karl VI, yuleyule Karl aliyekosa Hispania, alitoa amri tarehe 19 Aprili 1713, ambayo kwa Kilatini huitwa Sanctio Pragmatica: nchi zake zote zibaki pamoja, na asipopata mwana, binti zake warithi. Wakati huo hakuwa na mtoto hata mmoja. Amri hiyo iliwarudisha nyuma mabinti wa kaka yake marehemu, Joseph I, ambao mapatano ya familia ya 1703 yalikuwa yamewatanguliza. Mabinti hao baadaye waliolewa Saxony na Bavaria, wakajivua haki kwa maandishi, na waume zao wakaendelea kuikumbuka haki hiyo.

Karl alitumia miaka ya mwisho ya utawala wake kukusanya saini, na kila saini ilikuwa na bei. Uingereza ilitia saini mwaka 1731, na yeye akaifunga kampuni yake ya biashara ya Ostend. Saxony ilitia saini, naye akaiunga mkono katika Poland. Alipokufa tarehe 20 Oktoba 1740, Maria Theresa, mwenye umri wa miaka 23, alirithi kabati la ahadi, hazina iliyokauka, na jeshi lililochoka kwa vita na Waturuki vilivyoisha mwaka mmoja kabla kwa kuupoteza Belgrade.

Bavaria nayo ilidai kwa karatasi ya zamani zaidi. Karl Albrecht alisema wosia wa Kaizari Ferdinand I, wa karne ya 16, uliwapa watu wa ukoo wake urithi pale ambapo warithi "wa kiume" wangekosekana. Hati yenyewe ilipofunuliwa Vienna, ilionekana inasema warithi "waliozaliwa ndani ya ndoa". Maria Theresa alizaliwa ndani ya ndoa. Neno moja tu, na dai zima likabaki bila miguu, ingawa halikumzuia kupigana. Friedrich II wa Prussia hakudai urithi wote. Alitaka Silesia, jimbo moja la Maria Theresa, akaivamia tarehe 16 Desemba 1740, akawaachia wanasheria wake kazi ya kutafuta sababu.

Bavaria. Mtawala wake, Maximilian III Joseph, alikufa kwa ndui tarehe 30 Desemba 1777 bila mtoto. Mrithi wake, Karl Theodor, tarehe 3 Januari 1778 alikuwa tayari amepatana na Vienna kuiachia sehemu ya nchi. Prussia ilisimama na mrithi aliyefuata, mtawala wa Zweibrücken, nchi ndogo ya Kijerumani, kupinga.

Mahali vita vilipopiganwa

Kwa Hispania andaa ramani tatu: Ulaya magharibi, Bahari ya Kati, na Amerika. Mapigano maarufu zaidi hayakuwa Hispania kabisa. Blenheim, 13 Agosti 1704, ni katika Bavaria. Zaidi ya watu 50,000 walisimama kila upande, na Marlborough na Eugène wa Savoy, majemadari wa washirika waliopigana na Ufaransa, wakaivunja sifa ya jeshi la Ufaransa kwamba halishindwi. Malplaquet, 11 Septemba 1709, washirika walibaki na uwanja lakini waliuawa au kujeruhiwa zaidi ya 20,000, karibu mara mbili ya Wafaransa. Ndani ya Hispania mambo yalikwenda kinyume. Huko Almansa, 25 Aprili 1707, jeshi la Felipe liliongozwa na Berwick, mwana wa James II wa Uingereza, na jeshi la washirika wa Uingereza likaongozwa na Galway, Mfaransa Mprotestanti. Berwick alishinda. Mkumbuke jina lake.

Kilichogeuza vita hakikuwa pigano. Tarehe 17 Aprili 1711 ndui ilimuua Kaizari Joseph I, na Karl, mdai wa Hispania, akarithi nchi za Vienna na kisha ukaizari. Waingereza waliokuwa wakipigana ili Ufaransa na Hispania zisiungane wakajikuta wanapigania kuziunganisha Hispania na Austria. Wakaanza kutafuta amani. Mwanafunzi anayeielewa nukta hii ameelewa maana ya mizani ya nguvu, hata kama hakumbuki pigano hata moja.

Vita vya Poland vilipiganwa kwa sehemu ndogo tu katika Poland. Warusi waliizingira Danzig mwaka 1734. Ufaransa ikatuma kikosi kidogo kisichotosha, balozi wake Plélo akafa akikiongoza, na Stanisław akatoroka amevaa kama mkulima kabla mji haujasalimu amri. Mapigano makubwa yalikuwa mto Rhine na Italia: Parma na Guastalla, kisha Bitonto, ambako Wahispania walihakikisha kwamba ufalme wa Naples unabaki wao. Yule Berwick aliuawa kwa mzinga mbele ya Philippsburg tarehe 12 Juni 1734. Uingereza ya Robert Walpole ilikaa pembeni.

Vya Austria ndivyo vilivyoenea zaidi. Mollwitz, 10 Aprili 1741, Friedrich alishawishiwa kuondoka uwanjani akidhani mambo yameharibika, na askari wake wa miguu wakashinda bila yeye. Dettingen, 27 Juni 1743, George II alikuwa mfalme wa mwisho wa Uingereza kuongoza jeshi vitani mwenyewe. Fontenoy, 11 Mei 1745, ushindi ulikuwa wa Ufaransa. Mwaka huohuo Charles Edward Stuart, mjukuu wa James II, alitua Uskoti kudai kiti cha babu yake. Alifika Derby, akarudi nyuma, na akavunjwa Culloden mwaka 1746. Huo ni ugomvi mwingine wa urithi ndani ya vita vya urithi, na unaweza kusomwa peke yake.

Bahari yetu ya Hindi pia imo. La Bourdonnais, gavana wa Mauritius aliyeijenga Port Louis kuwa bandari ya meli za kivita, aliondoka huko na kundi la meli akauteka Madras kutoka kwa Waingereza Septemba 1746. Ugomvi juu ya binti wa Vienna ulikuwa umefika pwani ya India kupitia kisiwa kilicho jirani na Madagascar.

Vya Bavaria havikuwa na pigano kubwa. Friedrich aliingia Bohemia tarehe 5 Julai 1778, majeshi makubwa yakakaa yakitazamana, chakula kikaisha, wakafukua viazi mashambani. Wajerumani huviita Vita vya Viazi. Lakini maelfu walikufa kwa maradhi na njaa, kwa hiyo anayeviita mchezo amekosea.

Mgawo wa mwisho

Kwa Hispania, mikataba ya Utrecht (1713) na Rastatt (1714) ilimwacha Felipe V na Hispania na Amerika yake, akaikana haki ya kurithi Ufaransa. Austria ilipata Milan, Naples, Sardinia na nchi inayoitwa leo Ubelgiji. Savoy ilipata Sicily. Uingereza ilibaki na Gibraltar, iliyotekwa 1704, na Menorca, na kupata maeneo ya Amerika ya Kaskazini. Barcelona, iliyomuunga mkono Karl, iliangukia mikononi mwa Berwick tarehe 11 Septemba 1714, ikapoteza taasisi zake za kale. Tarehe hiyo ndiyo siku ya taifa ya Wakatalani mpaka leo.

Kipengele kimoja cha Utrecht kinatugusa Waafrika moja kwa moja, na vitabu vingi hukipitia kwa mstari mmoja. Uingereza ilipewa asiento, yaani haki ya peke yake ya kuuza Waafrika katika makoloni ya Hispania kwa miaka 30, vipimo 4,800 kila mwaka. Tunasema vipimo kwa sababu mkataba haukuhesabu watu. Mwanamume mzima mwenye afya alihesabiwa kimoja. Mtoto au mzee alihesabiwa sehemu tu ya kipimo. Kwa hiyo 4,800 za kwenye karatasi zinamaanisha watu wengi zaidi ya 4,800 melini. Ugomvi wa biashara uliofuata ndio uliozaa vita vya Uingereza na Hispania mwaka 1739, ambavyo mwaka uliofuata vilimezwa na vya Austria. Ukivifundisha vita vya Hispania bila kipengele hiki, umefundisha nusu.

Mgawo wa Poland, Vienna 1738, ni wa kubadilishana viti. August III alibaki Poland. Stanisław alipewa Lorraine, kwa sharti kwamba akifa iende Ufaransa, na ndivyo ilivyokuwa mwaka 1766. Franz wa Lorraine, mume wa Maria Theresa, akapewa Toscana. Don Carlos wa Hispania akapata Naples na Sicily. Ufaransa nayo ikaitambua amri ya Karl VI. Aliyeshindwa kura ya pili akaishia na nchi nzuri kuliko wengi walioshinda.

Kwa Austria, mkataba wa Aachen, 18 Oktoba 1748, ulirudisha mambo mengi yalipokuwa: Madras kwa Uingereza, na Louisbourg, ngome ya Amerika ya Kaskazini, kwa Ufaransa. Ila Silesia ilibaki kwa Prussia, na hilo Maria Theresa hakulisamehe. Mwaka 1756 vita vikarudi. Kwa Bavaria, mkataba wa Teschen, 13 Mei 1779, uliipa Austria kipande kidogo, Innviertel, na ukaipa Urusi nafasi ya mpatanishi katika mambo ya Ujerumani.

Mitego

Mtego mkubwa wa Hispania ni majina. Karl mdai aliitwa na wafuasi wake Carlos III, kisha akawa Kaizari Karl VI. Don Carlos, mwana wa Felipe V, ndiye aliyekuwa Carlos III wa Hispania kweli mwaka 1759. Ni watu wawili wa koo mbili. Tengeneza orodha ya majina kabla ya kuanza kusoma.

Wa pili ni kalenda. Uingereza ilitumia kalenda ya zamani hadi 1752, iliyokuwa nyuma kwa siku 11. Blenheim ni 2 Agosti kwa Waingereza na 13 Agosti kwa wengine. Culloden ni 16 Aprili au 27 Aprili. Usichanganye mitindo miwili katika jedwali moja.

Kwa Poland, watu huandika kwamba vita viliisha 1735, wengine 1738. Mapatano ya awali yalikuwa Oktoba 1735. Mkataba kamili ulikuwa Novemba 1738. Andika yote mawili.

Kwa Austria, kosa la kawaida ni kusema Maria Theresa alirithi ukaizari. Ukaizari ulikuwa wa kuchaguliwa, na mwanamke hakuweza kuchaguliwa. Alirithi Austria, Hungaria na Bohemia. Kaizari alikuwa Karl Albrecht wa Bavaria kuanzia 1742, kisha mumewe Franz kuanzia 1745, na yeye akawa mke wa Kaizari. Achana pia na picha ya malkia akiwasihi Wahungaria tarehe 11 Septemba 1741 akiwa na mtoto mikononi: rufaa ilitolewa siku hiyo, mtoto alionyeshwa siku kadhaa baadaye.

Nani achukue vipi

Mwenye kipindi kimoja cha darasa na wanafunzi wanaoanza achukue Poland. Kura mbili, madola mawili nyuma yake, mgawo mmoja ubaoni. Inafaa pia kwa anayetaka kujadili uchaguzi unaoingiliwa na majirani. Haimfai anayetafuta mapigano au mtu mmoja wa kumfuata mwanzo hadi mwisho.

Anayefundisha biashara ya utumwa, makoloni, au migogoro ya leo ya Gibraltar na Katalunya hana njia ya kuikwepa Hispania. Atenge muda: vizazi, wosia, 1711, Utrecht, kwa mpangilio huo. Mapigano ayaweke mwisho, na akibanwa ayaache yote isipokuwa Blenheim na Almansa.

Mwandishi wa insha ndefu, au anayevutiwa na utawala wa mwanamke na kuinuka kwa Prussia, atashibishwa na Austria. Ashike uwanja mmoja tu, Silesia au Flanders au Bahari ya Hindi, maana ukivikimbiza vyote utarudi mikono mitupu. Na asianze 1740. Aanze 1713, siku ya ile amri.

Mtangazaji mwenye nusu saa, au mwanafunzi wa diplomasia anayetaka kuona majeshi mawili yakirudishwa nyumbani kwa meza ya mazungumzo, atatosheka na Bavaria. Hapo atamkuta Maria Theresa mzee akimwandikia Friedrich kwa siri, bila mwanawe Joseph II kujua, kuomba amani na mtu aliyemnyang'anya Silesia miaka 38 kabla.

Na ukiwa na muda wa kusoma viwili, visome Hispania na Austria kwa kumfuata Karl: kijana aliyepigania wosia wa mwingine akashindwa, kisha akatumia maisha yake yaliyobaki kutafuta saini ili wa kwake uheshimiwe.